Vilemba vya Harjivan

Siku yangu ya mwisho kazini walinikatia keki ya kijani, ile yenye ua la waridi juu, na mkuu wetu Gunnel akasimama na karatasi yake akasoma kwamba miaka yote hii Zainabu amekuwa mtu mtulivu. Mtulivu! Nilikula keki yao, nikaosha sahani yangu, nikapanda treni kurudi nyumbani Sundbyberg, na tangu siku hiyo hata chai hainipiti kooni kwa hasira. Utulivu gani? Mtu akimeza mwiba akanyamaza, huyo si mtulivu, huyo kakabwa.

Kwa hiyo naandika, na naandika kwa Kiswahili. Nikiandika Kiswidi nitakuwa na adabu, na adabu ndiyo iliyoniponza. Neema, katika jengo lile lote la kuhifadhia filamu, anayeisoma lugha hii ni wewe peke yako, wewe mtoto wa Bukavu uliyekulia Norsborg. Ukitaka kuwatafsiria vijana wenzako, watafsirie. Ila usipunguze chumvi.

Mambo ya vyeo na mshahara sitayagusa. Nitakwambia kazi.

Kazi hii niliianza Tanga, kwenye ghala la filamu za sinema, nikiwa na miaka kumi na tisa. Bosi wangu alikuwa Bwana Gulam, Mhindi wa palepale mjini, vidole vyembamba, mdomo mchafu. Siku ya kwanza alinifunga kitambaa machoni, akanipa mkanda mkononi. "Pitisha ukingo wake kati ya kidole gumba na cha shahada," akasema. "Ukifika palipoungwa, niambie." Ukingo wa filamu unakata kama wembe. Nilichanika mara tatu kabla ya saa sita. Nikadhani ataniambia pole. Akasema, "Vizuri. Sasa mkanda umekujua." Ndivyo nilivyojifunza kusoma filamu kwa vidole, na mpaka leo naamini mtu anayekagua filamu kwa macho tu amekagua nusu.

Jambo la pili alilonifundisha ni kilemba. Zamani zile kopi moja ya filamu ilizunguka Mombasa, Tanga, Unguja na Dar mpaka ichoke. Sehemu inayoumia kwanza ni kichwa, zile mita chache za mwanzo ambazo kila fundi wa sinema anazivuta, anazikwaruza na kuzikanyaga anapoupachika mkanda kwenye mashine. Basi kila mkanda tuliuvisha kilemba. Tulikata mita chache za filamu nyingine iliyokwisha kufa, tukaziunga mbele, ziumie hizo badala ya filamu yenyewe. Kikichakaa unakata, unavisha kingine. "Kilemba hakitazamwi," Bwana Gulam alikuwa akisema. "Kata, tupa. Ukikaa kukodolea macho kila kilemba, Idi itakukuta humu humu ghalani." Nililishika neno hilo kama aya.

Nilikuja Stockholm kwa mafunzo ya mwaka mmoja. Mwaka huo haujesha, kama unavyoona. Siku ya kwanza walinipa glovu nyeupe za pamba. Nikazivua, maana kwa glovu vidole vinakuwa vipofu. Wakanipa nyingine. Nikazivua. Ikaandikwa barua. Tukafikia suluhu kwamba nitavaa ya mkono wa kushoto, na huo ndio mkutano pekee wa jengo lile niliowahi kushinda.

Meza yangu unaijua: magurudumu mawili yenye mikono ya kuzungushia, kioo chenye taa chini, lenzi ya kukuzia, mkasi, gundi. Filamu zangu zilikuwa zile za zamani kabisa, ambazo zikishika moto hata maji hayazizimi. Wewe unazionea kwenye kompyuta, hujapata kunusa zinavyokufa. Kwanza picha inafifia. Halafu mkanda unanata. Halafu unatoka povu la rangi ya asali, na mwisho ni unga wa kahawia tu koponi. Sheria ya nyumba ilikuwa kwamba kipande kilichooza unakikata, unakitumbukiza kwenye pipa la maji, unaandika kwenye orodha, unasaini. Pipa linafungwa kwa lakiri, lori linakuja kulichukua kwenda kuteketezwa. Sheria nzuri. Sikatai. Filamu moja iliyooza inaweza kuunguza ghala zima.

Sasa tufike kwenye shughuli yenyewe.

Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya elfu mbili. Familia moja ya Rågsved ilikuwa inasafisha stoo ya chini ya jengo baada ya kufiwa na baba yao, mhandisi aliyewahi kufanya kazi kwenye mashamba ya mkonge Tanga. Wakakuta makopo matano yenye kutu, wakatuletea. Juu yake yameandikwa kwa herufi za Kigujarati. Gunnel akayaleta mezani kwangu kwenye kigari. "Haya yako, Zainabu. Ni ya kwenu."

Ya kwetu! Ningemwambia Kigujarati si kwetu, lakini nilishafungua kopo la kwanza. Filamu bubu ya Kihindi, ya tangu kabla mama yangu hajaolewa, na mkanda wake ulikuwa mzima. Mlaini, hauna povu. Kichwani tu palikuwa pameanza kunata. Nikapitisha kidole, nikakuta kiungo. Kilemba! Nikacheka peke yangu kama mwehu. Miaka mingapi sijakutana na kilemba? Wazungu wa pale hata hawakijui. Ningekuwa Mswidi ningeshangaa, ningeita watu, ningechunguza kwa nini mwanzo wa filamu haufanani na filamu. Lakini mimi wa Tanga, mimi mjuzi, nilijua ni takataka. Nikakata, nikatumbukiza pipani. Mkanda wa pili, vivyo hivyo. Wa tatu. Wa nne. Haikuchukua robo saa. Orodhani nikaandika, "Vichwa vinne, vimeoza," nikasaini.

Mkanda wa tano niliushika kesho yake mchana, ukanikatalia. Nilipitisha kidole mara ya kwanza, sikusikia kitu. Mara ya pili, wapi. Kiungo kilikuwa kimefanywa kwa ufundi ambao sijapata kuugusa tena maishani, hata ikabidi niuweke mkanda kwenye kioo nikitafute kwa macho kama mwanafunzi. Na hapo nikajiuliza swali ambalo nilipaswa kujiuliza nilipoushika wa kwanza: nani anaunga takataka kwa uangalifu namna hii?

Nikawasha taa. Kwenye kilemba palikuwa na maandishi. Herufi za Kigujarati Bwana Gulam alinifundisha za kusomea makopo, basi nikaokoteza moja moja. Jina la mtengenezaji lilikuwa Harjivan, lile lile la kwenye filamu. Lakini jina la filamu lilikuwa lingine kabisa. Kile hakikuwa kichwa cha filamu hii, kilikuwa kipande cha filamu nyingine ya mtu yule yule.

Mwenzangu, nilisimama mpaka kiti kikaanguka.

Nilimkuta Gunnel ofisini. Nikamwambia vile vinne nimevikosea, vitolewe majini haraka, vikikaushwa huenda picha zikapatikana. Akanisikiliza vizuri sana. Ndio wanavyosikiliza, wanakuinamishia kichwa kama daktari.

"Pipa limeshafungwa lakiri, Zainabu. Asubuhi hii."

"Lifunguliwe."

"Kulifungua ni suala la usalama wa moto. Siwezi kuamua peke yangu. Tutalizungumza mkutanoni."

"Mkutano lini?"

"Keshokutwa, saa nne asubuhi."

Na mimi nikafanya nini? Nilikuwa na mkasi mkononi. Pipa lilikuwa ghorofa ya chini, mlango hauna hata kufuli, lakiri yenyewe waya mwembamba. Bwana Gulam angeshuka zile ngazi akatoa tusi moja la Kigujarati na moja la Kidigo, akalivunja. Mimi nilisema, "Sawa." Kisha nikaenda kunywa kahawa na wenzangu, maana ilikuwa saa ya kahawa, na pale mtu asipokuja kwenye kahawa watu wanaulizana ana nini. Nikala na andazi la iliki. Nilishakuwa Mswidi kiasi hicho.

Siku ya mkutano nilifika mapema, nimeandika hoja zangu kwenye karatasi. Nikapita chini kulitazama pipa. Sakafuni palikuwa na duara la maji. Lori lilikuwa limekuja saa mbili.

Mkutanoni Gunnel alisema ni bahati mbaya. Nikauliza nani aliyeruhusu lori wakati jambo halijazungumzwa. Akafungua faili, akanisogezea ile orodha. "Lakini Zainabu, umesaini mwenyewe." Hakusema kwa ubaya. Afadhali angesema kwa ubaya, ningepata pa kushika. Wiki iliyofuata akaniletea kadi ya filamu, ile inayobaki kwenye kumbukumbu milele. Ilisomeka hivi: "Vichwa vya mikanda havikuwepo filamu ilipofika." Akasema ni kwa ajili ya kurahisisha. Kile kipande cha tano nacho nikakikata, kikapewa namba yake mbali, rafu nyingine, kwa jina la "kipande kisichojulikana", ili mtu asije akaona kimoja akauliza vingine. Kadi ilihitaji herufi za mwanzo za jina la mkaguzi. Nikatia herufi zangu. Wallahi, kwa mkono huu huu.

Miaka iliyofuata nilimtafuta Harjivan kama mtu anayetafuta ndugu. Niliandika barua Bombay, niliagiza magazeti ya zamani, nilimlipa kijana mmoja wa kwetu kwa samosa anisomee Kigujarati. Mtu yule alifanya kazi ndefu kuliko yangu. Alianza kwa kuchora mapazia ya michezo ya jukwaani. Akapata kamera, hakuna anayejua kwa njia gani. Akazunguka na hema, anaonyesha picha kwenye masoko, anauza tiketi mwenyewe, anazungusha mashine mwenyewe. Kisha akaanza kutengeneza filamu, kwanza za miungu kama wote, baadaye za watu wa kawaida: wakwe wagomvi, seremala mlevi, mjane anayekataa kunyoa nywele kama desturi yao ilivyotaka. Hiyo ya mjane ilimtia matatani, wakamvunjia vioo. Hakuacha. Kisha zikaja filamu za sauti, matajiri wake wakamkimbia, maana walimwona mzee wa mambo ya bubu. Akakusanya makopo yake, akahamia Tanga. Ndiyo, Tanga yangu! Huko aliendesha mashine ya sinema mpaka alipokufa, akiwaonyesha watu filamu za vijana waliomrithi. Hakulalamika, nasikia. Mimi ningelalamika.

Na vitabu vikubwa vya filamu vinamwandikia mstari mmoja: kazi zake zimepotea. Neno hilo linanichemsha damu. Anayepotea ni mbuzi. Filamu ina mtu aliyeishika mara ya mwisho, na mtu huyo ana jina.

Miaka kama sita baadaye filamu ikawa tayari, imesafishwa, ikaonyeshwa mjini kwenye ukumbi. Wewe, Neema, ulikuwa na miezi michache kazini, ulivaa ile blauzi ya njano. Gunnel alitoa hotuba. Akasema ni bahati kubwa kwa dunia kwamba filamu hii ilifika Sweden, maana huko ilikotoka joto lilikuwa kali na watu hawakuwa na utamaduni wa kuhifadhi. Wakapiga makofi. Mimi pia nikapiga.

Baada ya onyesho alinijia mama mmoja mzee mwenye sari na sweta la sufu, anatembelea mkongojo. Alikuwa Bi Sharda, binti wa Harjivan, amekuja kutoka Uingereza anakoishi. Gunnel akanitambulisha kwa Kiingereza, akasema natoka Tanzania. Yule mama akaniangalia kwanza. Halafu Kiingereza akakitupa chini.

"Tanzania wapi?"

"Tanga, Bi mkubwa. Ngamiani."

"Barabara ya ngapi?"

"Ya kumi na mbili."

"Lo! Sisi ya tisa. Nimezaliwa pale." Akanishika mkono kwa mikono yake miwili, akaanza kucheka na kulia pamoja. Tukaulizana watu, duka la nani, nani kafa. Kisha akanivuta karibu.

"Mwanangu, hebu niambie. Vile vipande vya mbele viko wapi? Leo sikuviona."

"Vipande gani, Bi Sharda?"

"Vya Baba. Filamu zake zilianza kuoza kule Tanga, moja moja. Kila moja ikifa, alikata mahali palipokuwa pazima akapaunga mbele ya hii, kwa sababu hii ndiyo iliyokuwa na afya. Alikuwa akituambia, 'Wengine wamekufa, huyu atawabeba.' Vipande vitano, mikanda mitano. Mimi ndiye niliyemshikia taa."

Basi ndiyo hayo. Vilemba vile havikuwa vilemba. Ilikuwa kazi ya mtu ya maisha mazima, ameifunga mwenyewe kwa gundi na subira, aipeleke mbele kwa watu asiowajua. Ikapita bahari, ikapita stoo ya Rågsved, ikapona joto lile lile wanalolisema, ikafika salama mpaka kwenye meza yangu.

Gunnel alikuwa amesimama kando na glasi, anatabasamu. Hakuelewa hata neno. "Anasema nini?" akaniuliza. Kumbe nilikuwa huru kabisa. Ningeweza kumwambia Bi Sharda ukweli wote mbele ya Gunnel, kwa lugha yetu, na asijue. Hakuna aliyenizuia. Lakini nilimtazama yule mama wa barabara ya tisa, nikaona aibu.

"Havikufika, Bi Sharda," nikasema. "Makopo yalifika bila vichwa."

Akanipigapiga mkono. "Basi, basi. Mungu hakupenda."

Akamsingizia Mungu kwa ajili yangu.

Wewe ulikuwa nyuma yetu na sinia la glasi. Ulisikia. Jioni ile kwenye lifti ukaniuliza, "Mama, juu ya nini unamudanganya ule muzee? Mimi niko naona kile kipande kwenye rafu, na ile jina ya Harjivan iko mu daftari yako." Nami nikakujibu kwa Kiswidi kwamba kila mtu aangalie kazi yake. Kwa Kiswidi, Neema. Hatujawahi kusema Kiswidi sisi wawili. Kwa wiki mbili ukaacha kuniita Mama. Ulikuwa na haki. Samahani.

Kabla sijastaafu nilimwendea Gunnel, nikamwambia kadi irekebishwe, jina langu liandikwe kwamba ndiye niliyekata. Akainamisha kichwa. "Ni zamani, Zainabu. Nani atafaidika?" Nikarudi tena, akaniambia litazungumzwa mkutanoni. Niliondoka halijazungumzwa. Badala yake nikapata keki.

Kwa hiyo kazi hiyo nakuachia wewe. Kipande cha tano kiko rafu ya mwisho upande wa dirisha, kopo dogo la bati, usoni lina karatasi ya bluu. Kirudishe mbele ya mkanda wake. Kadi ifute, uandike yaliyotokea, na pa jina andika langu lote, la baba na la babu. Wakikuambia mkutano, waambie mmeshakutana. Na mtu akikupa sheria inayosema kitu fulani hakitazamwi, hata akiwa ni mtu unayempenda kama nilivyompenda Bwana Gulam, kitazame kwanza ndipo umtii.

Juzi nilichukua simu nikampigia Bi Sharda. Nilikuwa nimesimama jikoni, sikuthubutu kukaa.

"Bi Sharda, ni Zainabu wa Stockholm, wa Ngamiani. Vile vipande vilifika. Vyote vitano. Mimi ndiye niliyevikata."

Nilisikia akizima redio.

"Vyote?"

"Vinne nilivitupa. Cha tano kipo."

"Kina nini?"

Nikamweleza. Baada ya maandishi kuna mwanamke amekaa kizingitini anachana nywele, bangili amevaa mkono mmoja tu. Anageuka kama mtu aliyeitwa kwa jina lake. Anacheka, anajificha uso kwa kitana, na hapo kinakatika. Kinakwenda muda wa kuhesabu mpaka ishirini.



"Huyo ni mama yangu," akasema. "Alikufa nikiwa na miezi minne. Nina picha yake moja, ya kusimama. Sijapata kumwona akigeuka."

Nikalia. Yeye hakulia. Akasubiri nimalize, mama wa watu, kisha akaniuliza kwa sauti ya chini kabisa, "Na kwenye vile vinne, mwanangu, naye alikuwemo?"

"Sijui, Bi Sharda. Sikutazama."

"Hata kimoja?"

"Hata kimoja."